Bendi Ndiyo Mechi

Mpira wa Kimarekani una robo nne. Katika vyuo vikuu vya watu weusi vya kusini mwa Marekani, mashabiki huhesabu sita. Robo ya sifuri hupigwa kabla ya mechi, wachezaji wakiwa bado chumbani wanavaa. Robo ya tano hupigwa baada ya filimbi ya mwisho, matokeo yakiwa yameshakuwa habari ya jana. Zote mbili ni mali ya bendi. Ya wenyeji hukaa upande wake wa jukwaa, ya wageni upande wake, zikitazamana kwa mbali. Moja ikimaliza wimbo nyingine hujibu, na majibizano hayo huendelea hadi upande mmoja uishiwe pumzi au wasimamizi wa uwanja wachoke na kuwafukuza watu.

Kanuni za mpira wao sizielewi vizuri na sina haraka ya kuzielewa. Kinachonivuta ni mwendo wa mashabiki. Huku kwetu, refa akipuliza mapumziko kwenye mechi ya Simba na Yanga, ndipo watu wanapoinuka kutafuta karanga na maji, na wengine kujisaidia. Kule foleni ya chakula huwa ndefu wakati mpira unachezwa. Mapumziko yakikaribia, watu hurudi vitini mbiombio, sahani mkononi. Na bendi zikishatoka uwanjani, wapo wanaobeba watoto wao na kwenda zao nyumbani. Matokeo watayasikia njiani.

Watu wengi huizungumzia bendi ya chuo kama pambo la mechi. Kwa maoni yangu, bendi ni darasa linalofundishwa vizuri kuliko mengi katika vyuo hivyo, na mpira ni kisingizio cha kulionyesha. Nikishasema hivyo nalazimika kusema na la pili, ambalo wapenzi wa bendi hawalipendi. Darasa lina mwenyewe, na mwenyewe anawajibika kwa kila kinachofundishwa humo, hata kile kinachofundishwa usiku ndani ya basi.

Nichukue chuo kimoja, Florida A&M, kilichoko Tallahassee, makao makuu ya jimbo la Florida. Kilianzishwa mwaka 1887 kwa ajili ya watu weusi, enzi ambayo milango ya vyuo vingine vya jimbo ilikuwa imefungwa kwao. Timu yake inaitwa Rattlers, jina la yule nyoka anayetikisa mkia ukalia kama njuga, na rangi zake ni kijani na chungwa. Bendi yake inajulikana kwa jina la Marching 100, ingawa hiyo mia ilipitwa zamani. Kuna miaka imekuwa na watu zaidi ya 400.

Aliyeijenga ni William P. Foster. Alizaliwa mwaka 1919 katika jimbo la Kansas na kusomea muziki katika Chuo Kikuu cha Kansas. Akiwa bado mwanafunzi, mkuu wake wa masomo alimwita ofisini na kumweleza kwamba kondakta mweusi hana pa kupata kazi. Foster aliondoka na maneno hayo na inaelekea hakuyasahau. Mwaka 1946 aliajiriwa Florida A&M, akakuta bendi ndogo, na hakustaafu hadi 1998. Miaka 52 kwa mwajiri mmoja, kazi ileile, kiwanja kilekile.

Bendi za vyuo vya Wazungu zilikuwa zikitembea kijeshi: mgongo wima, hatua za kupimwa, nyimbo za gwaride. Foster alilichukua gwaride hilohilo akalitia kiuno. Goti lipande hadi paja liwe sambamba na ardhi, ncha ya kiatu ielekee chini, na wakati huohuo mdomo usiachie tarumbeta wala sauti isiyumbe. Asiyeona ugumu wake ajaribu kukimbia papo kwa papo huku akipiga mluzi wimbo mzima bila kukosea. Kisha aliingiza uwanjani nyimbo zilizokuwa zikivuma redioni, na mwisho akaiacha bendi yote icheze dansi, wenye sousafoni, zile tarumbeta kubwa za kuvaliwa begani, wakiwemo. Hakuacha jambo lolote kwa bahati. Mwaka 1968 alichapisha kitabu, Band Pageantry, kinachoeleza jinsi onyesho la uwanjani linavyopangwa, mithili ya fundi anayeandika vipimo vya nyumba.

Katika bendi hiyo kuna mwendo wa hatua kama 20 tu kwa dakika. Wenyewe wanauita mwendo wa kifo. Mguu unapanda, unaning'inia hewani hadi mtazamaji anaanza kupata wasiwasi, halafu unashuka. Uwanja mzima unatulia. Ghafla ngoma zinabadilisha lugha, na mamia ya watu wanaanza kukimbia kwa hatua zaidi ya 300 kwa dakika, wakipishana bila kugongana. Hakuna aliyebeba karatasi. Nota, hatua, mahali pa kugeukia, umbali kutoka kwa jirani, vyote viko kichwani. Na wiki chache baadaye onyesho hilo linatupwa, linaanza jingine.

Asili ya haya yote ni jeshi. Mwishoni mwa karne ya 19 vyuo vya watu weusi vilianza kuunda bendi kwa ala na mtindo wa vikosi. W. C. Handy, ambaye baadaye aliitwa baba wa blues, alifundisha na kuongoza bendi ya chuo huko Alabama kati ya 1900 na 1902. Msomaji wa pwani yetu hahitaji maelezo marefu hapa. Miaka hiyohiyo vijana wa Lamu na Mombasa, na baadaye wa Dar es Salaam na Tanga, walikuwa wamezitazama bendi za mabaharia na askari wa wakoloni na kuzigeuza beni: Kingi na Scotchi, Marini na Arinoti, kila upande na sare zake, vyeo vyake vya kijeshi, na shauku ya kumwaibisha mpinzani mbele ya mji. Mwanahistoria Terence Ranger aliliandikia jambo hilo kitabu kizima mwaka 1975. Watu wa Mombasa na wa Tallahassee hawakuwahi kushauriana. Kila upande ulipewa gwaride la mtu mwingine, na kila upande ukaona kwamba gwaride bila mshindani wa kumringia ni kazi bure.

Siku ya mechi yenyewe huanza mapema. Nje ya uwanja magari yameegeshwa tangu asubuhi, moto wa nyama unawaka, wahitimu wa miaka mbalimbali wanatafutana. Bendi husikika kabla haijaonekana, na cha kwanza kufika ni ngoma kubwa, kifuani kabla ya masikioni. Watu wanaweka sahani chini. Marching 100 wana kiwanja chao cha mazoezi kinachoitwa Patch, ambako wameunguzwa na jua la Florida tangu Agosti, na kinachoonekana barabarani Jumamosi ni jasho la huko likiwa limepigwa pasi. Waliopita bendini zamani husimama pembeni na kutazama magoti. Anayelegeza wanamwona. Nimetazama video nyingi za misafara hii na kila mara macho yangu huishia kwa hao watazamaji wenye mvi, kwa sababu nyuso zao ni za wakaguzi.

Louisiana wanakwenda mbali zaidi. Pambano la vyuo vya Grambling na Southern, liitwalo Bayou Classic, huchezwa New Orleans Jumamosi inayofuata sikukuu ya Shukrani, na mashindano ya bendi za vyuo hivyo viwili ni onyesho kamili lenye tiketi zake, mbali na mechi. Bendi ya Southern inaitwa Human Jukebox, kwa kuwa wimbo ukishavuma redioni hauchukui muda kabla hawajaupiga uwanjani. Grambling nao wana la kujivunia: mwaka 1967, ilipochezwa fainali ya kwanza ya Super Bowl, bendi yao ilikuwa miongoni mwa zilizopiga wakati wa mapumziko, kabla mapumziko hayo hayajawa ya nyota wa muziki.

Sifa hizi si za majirani tu. Tarehe 14 Julai 1989 Ufaransa ilipoadhimisha miaka 200 ya mapinduzi yake, Jean-Paul Goude, aliyebuni gwaride kubwa la Paris, aliwaweka Marching 100 barabarani Champs-Élysées kuiwakilisha Marekani. Mwaka 2007 walikuwa Miami pamoja na Prince kwenye mapumziko ya Super Bowl, mvua ikiwanyeshea. Mwaka 2018 Beyoncé alijenga onyesho lake la tamasha la Coachella juu ya mtindo wa bendi hizi. Mwaka 2023 bendi ya Tennessee State ikawa bendi ya kwanza ya gwaride ya chuo kikuu kushinda tuzo ya Grammy, kwa albamu ya injili. Yule mkuu wa masomo wa Kansas amejibiwa vya kutosha.

Sasa tujiulize ujuzi huu unapitaje. Mwalimu mmoja na wasaidizi wachache hawawezi kumshika mkono kila mmoja katika watu 400. Bendi imegawanywa katika makundi ya ala: tarumbeta hapa, tromboni pale, klarineti, saksafoni, ngoma. Kila kundi lina wakubwa wake, utani wake, majina yake ya ndani. Mwaka wa pili anamfundisha mwaka wa kwanza namna ya kushika ala, namna ya kupumua, lini apandishe goti. Mwalimu juu ya mnara anaona umbo zima. Paja la mtu mmoja linaonekana na mwenzake aliyesimama kando. Kwa njia hiyo kazi ya Foster imevuka vizazi ambavyo havikumwona. Ni njia nzuri sana ya kufundisha, na haichagui mzigo. Chochote alichonacho mkubwa kitafika kwa mdogo.

Tarehe 19 Novemba 2011 bendi ilikuwa Orlando kwa Florida Classic, pambano la kila mwaka dhidi ya chuo cha Bethune-Cookman. Usiku, mechi ikiwa imekwisha, mabasi yalikuwa yameegeshwa nje ya hoteli. Robert Champion, miaka 26, mmoja wa vinara wanaotangulia mbele ya bendi, aliingia ndani ya lile lililojulikana kama Basi C. Desturi ya basi hilo ilikuwa kwamba unapita kutoka mbele hadi nyuma huku wenzako wamejipanga wakikupiga ngumi, mateke na fimbo za ngoma. Champion alifika nyuma. Muda mfupi baadaye alianguka, na hakuamka. Madaktari waliochunguza mwili walisema kipigo kilimvujisha damu ndani kwa ndani, na kifo kikaandikwa kuwa cha kuuawa. Zaidi ya watu kumi walishtakiwa. Aliyetajwa mahakamani kama rais wa Basi C alitiwa hatiani mwaka 2014 na baadaye akahukumiwa miezi 77 jela.

Rais wa basi. Ukisikia cheo hicho huhitaji ushahidi mwingine kwamba jambo halikuanza usiku ule. Na kweli halikuanza. Mwaka 1998 mpiga klarineti wa bendi hiyo alipigwa vibao vya mbao hadi akalazwa. Mwaka 2001 mpiga tarumbeta aliharibiwa figo, na baraza la wazee wa mahakama likaamuru alipwe fidia. Wiki chache tu kabla ya Orlando, msichana wa mwaka wa kwanza alipigwa hadi mfupa wa paja ukapata ufa. Mkurugenzi wa bendi wa wakati huo alieleza kwamba kwa miaka mingi alikuwa akiwasimamisha wanafunzi na kuuandikia uongozi barua za tahadhari. Baada ya kifo iligundulika pia kwamba watu zaidi ya 100 waliokuwa kwenye orodha ya bendi hawakuwa wameandikishwa chuoni muhula ule. Bendi ilisimamishwa, mkurugenzi akastaafu, na mwaka 2012 rais wa chuo akajiuzulu.

Familia ya Champion imesema kwamba yeye alikuwa akizipinga desturi hizo. Kwa nini basi alipanda? Wenzake walieleza kwamba asiyepita basini hakuheshimiwa na wengine, na Champion alikuwa kwenye njia ya kuwa kinara mkuu. Kijana anayeongoza bendi nzima mbele ya maelfu ya watu alihitaji kuthibitishwa na viti vya nyuma vya basi. Hapo ndipo unapoona ni nani aliyekuwa akitoa vyeti.

Aliyesoma shule ya bweni hapa kwetu hatashangaa sana. Njuka, yaani mwanafunzi mgeni, anayewafulia wengine nguo zao, njuka anayeimbishwa juu ya kitanda usiku, njuka anayepigwa mto kisha mkanda. Na mwaka unaofuata njuka huyohuyo anamngoja mwenzake mlangoni. Wapo wanaotetea mambo haya kwa kusema ni jando. Nimeisikia hoja hiyo kwa watu wazima wenye heshima zao, na naikataa. Jandoni kuna ngariba anayejulikana, kuna kungwi, kuna mzee aliyekabidhiwa mtoto na baba yake na atakayemrudisha mbele ya ukoo mzima. Mtoto akidhurika, mji unajua mlango wa kubisha hodi. Usiku ule kwenye Basi C mtu mzima wa kujibu hakuwemo. Kilichokuwemo ni vijana wa miaka ishirini na kitu waliorithi kipigo kutoka kwa vijana wengine wa miaka ishirini na kitu. Kuliita hilo jando ni kuwatukana wazee wetu, ambao nao si malaika lakini angalau walikuwepo.

Na asije mtu akasema hii ni tabia ya watu weusi. Chuo Kikuu cha Ohio State kina bendi ya shaba na ngoma tupu, maarufu kwa kuandika neno Ohio uwanjani kwa miili ya wapigaji tangu mwaka 1936, mpiga sousafoni akitembea kwa maringo kwenda kuweka nukta juu ya herufi i. Mwaka 2014 uchunguzi wa chuo hicho chenyewe ulieleza utamaduni wa udhalilishaji wa kijinsia ndani ya bendi, na mkurugenzi akaondolewa kazini. Mtindo mwingine, rangi nyingine, njia ileile ya mkubwa kwa mdogo.

Marching 100 walirudi Septemba 2013, na mechi yao ya kwanza ilikuwa Orlando. Walikuwa wachache kuliko zamani. Masharti yalikuwa mapya: lazima uwe mwanafunzi wa kutwa aliyeandikishwa, miaka ya kukaa bendini ina kikomo, saa za mazoezi zimepunguzwa. Mkurugenzi mpya alikuwa mtu aliyepita bendini enzi za Foster. Mara moja wakajitokeza wanung'unikaji. Sauti imepungua, walisema, vijana ni laini, zamani tulivumilia.

Malalamiko hayo nayachukulia kwa uzito kuliko yanavyostahili, kwa sababu ndani yake kuna dhana kwamba kipigo ndicho kilicholeta ukamilifu. Sidai kwamba enzi za Foster zilikuwa safi. Lakini kitabu chake kipo, na kinazungumzia umbo, muda, nafasi, muziki, mwanga. Goti hupandishwa na mazoezi ya misuli, na sauti safi hutoka kwa pumzi iliyofundishwa. Sijasikia mpiga tarumbeta hata mmoja aliyepiga vizuri zaidi kwa sababu figo zimeumia. Bendi ya watu wachache wanaosoma kweli chuoni hapo ilikuwa, kwa maoni yangu, hasara ndogo kabisa kwa yaliyotokea. Wanaoihuzunikia wangeanza kwa kuuliza bendi ya watu 400 ilikuwa ikilipiwa na nani.

Swali la pesa linanisumbua zaidi kuliko la sauti. Chuo kilikuwa kikipokea umaarufu wa Paris na wa Super Bowl, wanafunzi wapya wakija kwa ajili ya bendi, wahitimu wakichangia kwa ajili ya bendi. Barua za mkurugenzi zilifika ofisini katika miaka hiyohiyo. Mwaka 2015 kesi ya madai ya familia iliisha kwa makubaliano ya dola milioni 1.1 na maneno ya kuomba radhi. Nauli na posho ya walimu wa kukaa ndani ya kila basi kwa msimu mzima, hata kwa kukadiria bila ubahili, isingefika huko.

Mwezi Juni 2022 Marching 100 walikuwa tena Paris, safari hii ndani ya ua wa Louvre, wakipiga kwenye onyesho la mavazi la Louis Vuitton. Mwanafunzi wa miaka 20 aliyepandisha goti siku ile alikuwa mtoto wa miaka tisa wakati Basi C lilipoegeshwa Orlando, na alipozaliwa Foster alikuwa ameshastaafu. Hata hivyo paja lilikuwa sambamba na ardhi na ncha ya kiatu ilielekea chini. Kuna mtu alimwonyesha. Rais wa chuo anapaswa kujua mtu huyo ni nani, alimwonyesha wapi, saa ngapi, na nini kingine alimwonyesha siku hiyo. Na Novemba ikifika, mabasi yakianza kuelekea Orlando, aulizwe hayo hadharani.